Dokta, jiko la nini tena? Kwa nini daktari wa dharura huuliza unaishije

Bajaji ilitutoa Tandale saa sita na robo usiku. Mtoto wa jirani, miaka sita, alikuwa mapajani kwa mama yake, mbavu zinajichora kila akivuta hewa na kifua kinatoa mlio kama wa filimbi iliyoziba. Tulipofika hospitali, jina lake tuliache, nesi wa mlangoni alimtazama mara moja tu. Hakuuliza kadi. Alimnyanyua mwenyewe akaingia naye ndani, akatuacha tumeshika viatu vya mtoto.

Oksijeni, dawa ya mvuke, sindano, mvuke tena. Baada ya kama dakika 40 mtoto akaomba maji. Ndipo daktari wa zamu, kijana mwembamba mwenye macho ya mtu aliyekesha, akavuta kiti na kumuuliza mama:

"Mama, nyumbani mnapikia wapi?"

Mama akanigeukia mimi. "Kaka, jiko la nini tena? Mtoto kabanwa kifua, dokta ananiulizia jiko."

Swali lake ni la wengi. Daktari wa dharura akisikika redioni anazungumzia mitaro, mkaa, nauli au hali za vibarua, wasikilizaji hushangaa: huyu si abaki na sindano zake? Mambo ya mitaro yana wenyewe manispaa. Usiku ule sikuwa na jibu la kumpa jirani yangu. Nimelitafuta tangu siku hiyo, na limenipeleka mbali kuliko nilivyotarajia, hadi kwenye vilima vya mji mmoja wa Marekani.

Kwanza tuelewane maneno. Dharura, kwa lugha ya hospitali, ni hali ambayo ikisubiri inaua au inaacha kilema. Haipimwi kwa wingi wa damu wala kwa sauti ya kilio. Mtu aliyevunjika kidole anaweza kupiga kelele hadi mlinzi akaja, na mwenye kiharusi akakaa kimya kwenye benchi, mdomo umepinda kidogo. Ndiyo maana mlangoni kuna kitu kinaitwa triaji, yaani kuwapanga wagonjwa kwa uzito wa hali zao badala ya foleni. Mwekundu anaingia sasa hivi, mwenye rangi ya chungwa anafuata baada ya muda mfupi, wa njano anasubiri kidogo, wa kijani anasubiri zaidi. Ukiona aliyefika nyuma yako anapitishwa mbele, mara nyingi maana yake ni njema kwako: wewe si wa kufa leo. Najua hilo halimfariji mtu mwenye jino linalompiga saa nane za usiku, lakini ndivyo lilivyo.

Daktari wa dharura, basi, ni bingwa wa saa ya kwanza. Daktari wa moyo anaujua moyo mwaka mzima. Huyu anaijua saa ya kwanza ya moyo, ya mapafu, ya sumu, ya ajali, ya mimba iliyoharibika. Ni ubingwa mchanga. Marekani iliutambua rasmi mwaka 1979. Hapa Tanzania, idara ya kwanza iliyokamilika ya tiba ya dharura ilifunguliwa Muhimbili mwaka 2010, na mabingwa wa kwanza waliosomeshwa nchini walihitimu 2013. Kabla ya hapo tulikuwa na "kasualti", chumba ambacho mara nyingi alipangiwa daktari mgeni kuliko wote, kwa sababu hakuwa na pa kukimbilia.

Neno la pili ni gumu kidogo: pengo la afya. Watu hulichanganya na tofauti ya kawaida. Mzee wa miaka 75 anaumwa magoti kuliko kijana wa miaka 20. Hiyo ni tofauti, hakuna wa kulaumiwa. Lakini watu wawili wa umri mmoja na jinsia moja, mji mmoja, mmoja akifa mapema sana kwa sababu ya mtaa aliozaliwa, hilo ni pengo. Tume ya Shirika la Afya Duniani iliyotoa ripoti yake mwaka 2008 ilitoa mfano wa Glasgow, Scotland. Mtoto wa kiume wa mtaa wa Calton alitarajiwa kuishi miaka 54. Wa Lenzie, kitongoji kilicho kilomita chache kutoka hapo, miaka 82. Nautaja mji wa Ulaya makusudi, maana tumezoea kudhani mambo haya ni ya Afrika tu. Glasgow matibabu ni bure, maji yanatoka bombani, na bado pengo ni miaka 28.

Sasa kwa nini pengo hilo limhusu daktari wa dharura kuliko madaktari wengine?

Fikiria daladala ya mwisho usiku. Haichagui abiria. Inabeba aliyechelewa kutoka kazini, aliyelala kituoni, aliyeachwa na magari matatu yaliyokataa kwenda mwisho wa njia. Konda wa gari hilo anajua jambo ambalo konda wa saa nne asubuhi hajui: anajua njia zipi hazina usafiri, kwa sababu abiria wake wote wanatoka huko. Mlango wa dharura ndiyo gari la mwisho la hospitali. Anayefika amekosa kliniki, amekosa dawa, amekosa nauli, au amekosa mtu wa kumwambia kwamba kiu ile na kukojoa kule ni sukari. Kila kilichoshindikana kwingine kinateremkia pale. Daktari akikaa miaka mitano kwenye mlango huo anakuwa na ramani ya mji kichwani, na ramani hiyo haimwachi alale.

Na hapa ndipo unapoingia ule mji wa Marekani, Pittsburgh.

Miaka ya 1960 ukizidiwa Marekani hukupata ambulensi tunayoijua leo. Ripoti ya Chuo cha Taifa cha Sayansi cha nchi hiyo, ya mwaka 1966, ilieleza kwamba takriban nusu ya huduma za ambulensi ziliendeshwa na wenye kampuni za mazishi. Sababu ilikuwa nyepesi: gari la maiti ndilo lililokuwa na nafasi ya mtu kulala. (Mwenye gari hakulala njaa. Ukifika salama alilipwa nauli, usipofika alilipwa jeneza.) Pittsburgh kazi hiyo ilifanywa sana na polisi. Karandinga lilikuja, askari wawili wakakutupia kwenye machela nyuma, wakarudi mbele wote wawili na kukimbiza gari. Nyuma ulibaki peke yako, na kama ulimi umeziba koo, basi.

Mtaa wa Hill District ulikuwa wa Wamarekani weusi. Mwishoni mwa miaka ya 1950 sehemu yake ya chini ilibomolewa ili kupisha ukumbi mkubwa wa michezo, na watu wapatao 8,000 wakahamishwa. Waliobaki hawakuwa na ajira za kutosha wala huduma, na karandinga la polisi halikuwa chombo ambacho mtu wa Hill angekiita kwa hiari, awe mgonjwa au mzima. Wengine walivumilia tu nyumbani. Ukiangalia kwa mbali ungesema watu hawa hawajali afya zao.

Mjini hapo alikuwepo daktari wa usingizi, Peter Safar, mzaliwa wa Austria, mmoja wa waliotuachia ule ufufuaji wa kupuliza mdomoni na kukandamiza kifua. Mwaka 1966 binti yake alifariki kwa pumu. Baadaye mwaka huohuo gavana wa zamani, David Lawrence, alianguka katikati ya mkutano wa kampeni. Alipelekwa hospitali kwa gari la polisi na hakupata fahamu tena. Safar alishajua kwamba mtu anaweza kuwa karibu na hospitali bora kabisa na bado akafa kwa kilichotokea, au kisichotokea, njiani. Alipounganishwa na watu wa taasisi ya Freedom House, waliokuwa wakitafutia kazi vijana wa Hill, wazo likazaliwa mwaka 1967: tusiajiri madereva, tufundishe wahudumu. Na tuwachukue hapahapa mtaani.

Walioingia darasani walikuwa watu ambao jiji lilishawaandika kuwa hawaajiriki. Wengine walikatiza shule, wengine walitoka vitani Vietnam, wengine walikuwa na rekodi ya jela. Walifundishwa kwa takriban saa 300: mwili ulivyoundwa, namna ya kufungua njia ya hewa, kuufufua moyo uliosimama, kuendesha gari bila kumtikisa mgonjwa. Walizungushwa wodini, vyumba vya upasuaji, hata mochwari. Kwa hesabu alizokusanya Safar, mwaka wa kwanza waliitwa karibu mara 5,800, na watu wapatao 200 walipona ambao vinginevyo wangekufa. Mambo yakageuka kichekesho: maskini wa Hill aliyeshikwa na moyo alihudumiwa vizuri kuliko tajiri wa kitongoji cha Wazungu, ambaye bado alikuwa akijiwa na karandinga.

Daktari ninayemfuatilia kwenye habari hii ni Nancy Caroline. Alizaliwa 1944, akahitimu udaktari 1971, akaja Pittsburgh kujifunza tiba ya wagonjwa mahututi chini ya Safar. Safar akampa Freedom House aisimamie. Sijui kama aliyepewa au aliyempa alijua uzito wa zawadi hiyo. Hapo bado hapakuwa na cheti cha ubingwa wa dharura wa kujivunia. Kulikuwa na mwanamke mweupe wa umri wa miaka thelathini hivi akipanda magari ya wagonjwa usiku pamoja na vijana weusi wa Hill, akiwaangalia wanavyofanya, akiwasahihisha, na kuandika. Wizara ya Uchukuzi ya Marekani ilipotaka mtaala wa kitaifa wa wahudumu wa ambulensi, ni yeye aliyeuandaa, na wahudumu wa Freedom House ndio walioujaribu barabarani. Mhudumu wa leo wa ambulensi, popote Marekani, anatembea kwenye njia iliyokanyagwa kwanza na watu wa mtaa uliobomolewa.

Tukae kidogo na kilichofanyika pale, kwa sababu ndicho kinachojibu swali la jiko. Caroline na Safar wangeweza kusema: kazi yetu inaanzia mlango wa hospitali. Akiletwa hai tutamtibu, akiletwa maiti tutaandika. Walichokiona ni kwamba ugonjwa ulikuwa mmoja, moyo ni moyo, lakini kilichoua Hill kilikuwa pia karandinga, hofu ya polisi na ukosefu wa kazi. Dawa waliyoitoa iligusa vyote kwa mkupuo. Gari likawa na mtu nyuma. Anayebisha hodi akawa mtoto wa fulani, anayejua nyumba ipi ina ngazi mbovu na bibi yupi hafungui mlango hadi aitwe jina. Na mshahara ukaingia mtaani.

Mwisho wake haukuwa mtamu. Tarehe 15 Oktoba 1975 Freedom House ilifungwa na jiji likaanzisha huduma yake. Caroline alikubali kuisimamia kitabibu kwa sharti kwamba watu wake waajiriwe na wasitawanywe. Waliajiriwa, kisha wakatawanywa. Ikaja mitihani, wenye rekodi za jela wakatolewa, na wageni weupe waliokuwa na uzoefu mdogo wakawekwa juu yao. Wengi waliondoka. John Moon alibaki, akapanda hadi kuwa naibu mkuu wa huduma hiyo, na akastaafu 2009. Caroline mwenyewe alikwenda Israel kuwafundisha watu wa ambulensi huko, na miaka ya 1980 akaja Nairobi, kwa madaktari warukao wa AMREF, shirika lililoanzishwa 1957 kwa kupeleka matabibu kwa ndege ndogo mahali ambapo barabara iligoma. Alifariki 2002. Ni watu wachache Nairobi wanaojua kwamba aliwahi kufanya kazi kwao, na nadhani hilo lingemchekesha.

Turudi nyumbani na baadhi ya maneno ninayoyasikia kila mara.

Kuna wanaoamini kwamba ambulensi ni king'ora na mwendo kasi. Tukinunua magari mengi tumemaliza. Pittsburgh ilikuwa na magari. Kilichokosekana ni mtu nyuma. Gari jipya linalong'aa lenye dereva peke yake ni teksi ya bei mbaya. Na kinyume chake ni kweli pia. Mfumo wa m-mama hapa Tanzania, unaotumia namba 115 bila malipo kwa ajili ya wajawazito na watoto wachanga, haukusubiri kila kijiji kipate ambulensi. Ambulensi isipopatikana anaitwa dereva wa kawaida wa eneo hilo aliyesajiliwa kwa kazi hiyo, na analipwa na mfumo. Ni wazo la familia moja na lile la Hill: anza na aliyepo.

Kuna wanaosema watu wa uswahilini wanafika hospitali wamechelewa kwa uzembe. Mwaka 1994 watafiti wawili, Sereen Thaddeus na Deborah Maine, waliandika kuhusu vifo vya uzazi na wakaugawa ucheleweshaji mara tatu: kuchelewa kuamua, kuchelewa kufika, kuchelewa kuhudumiwa baada ya kufika. Mgawanyo huo umesaidia kuelewa zaidi ya uzazi. Jirani yangu, kwa mfano. Mtoto alianza kubanwa juzi yake jioni. Hakuamua mapema kwa sababu mara ya mwisho alikaa kutwa nzima hospitali na siku ya kibarua ikapotea. Akishaamua, ni saa sita usiku, daladala zimelala, na bajaji inataka elfu kumi. Hicho cha tatu, siku hiyo tulinusurika, yule nesi Mungu ampe maisha. Ukimwita mzembe utakuwa umetazama dakika ya mwisho ya filamu ya siku mbili.

Na huyo anayesubiri kwenye korido kwa saa nyingi hajacheleweshwa na wenye mafua. Hili linawashangaza wengi. Msongamano wa idara za dharura, karibu kila ulikochunguzwa, husababishwa zaidi na wagonjwa waliokwisha kutibiwa hatua ya kwanza wanaosubiri kitanda wodini. Ni kama daladala iliyofika kituoni na abiria hawawezi kushuka kwa sababu kituo kimejaa. Kuwafukuza wa mafua hakumpi kitanda mwenye kiharusi.

Kisha liko suala la pesa na karatasi, na hapa hasira za watu zina haki. Chicago, mwanzoni mwa miaka ya 1980, hospitali binafsi zilikuwa na mtindo wa kuwasukuma wagonjwa wasio na bima kwenda hospitali ya umma ya Cook County. Madaktari wa Cook County hawakulalamika tu, walihesabu. Mwaka 1986 walichapisha uchunguzi wa wagonjwa 467 waliosukumwa hivyo: 87 kati ya kila 100 walihamishwa kwa sababu hawakuwa na bima ya kutosha, na 89 kati ya kila 100 walikuwa weusi au wa asili ya Amerika ya Kilatini. Mwaka huohuo Bunge la Marekani lilipitisha sheria inayozilazimu hospitali kumpima na kumtuliza mgonjwa wa dharura kabla ya kuuliza mfuko wake. Daktari mwenye daftari anaweza kufika mbali.

Kenya waliliweka kwenye katiba kabisa. Ibara ya 43 ya Katiba ya 2010 inasema mtu hatanyimwa matibabu ya dharura. Bado, Oktoba 2015, majeruhi mmoja wa ajali alikaa ndani ya ambulensi kwa takriban saa 18 Nairobi akitafutiwa hospitali ya kumpokea, na akafariki. Katiba ilikuwa na miaka mitano. Haki iliyoandikwa inahitaji kitanda, damu, mtaalamu na mtu atakayelipa bili nyuma ya pazia; vikikosekana, mlinzi wa geti ndiye anayeachiwa kutafsiri katiba.

Sisi huku tuna PF3. Mtu amegongwa na bodaboda, anavuja damu, na ndugu wanakimbilia kwanza kituo cha polisi kuchukua fomu. Fomu ile ni ya ushahidi. Haizuii damu. Anayevuja damu apelekwe hospitali, fomu ifuatwe na mwingine. Nalisema hapa kwa sababu mtaani kwetu bado kuna watu wazima, wenye akili timamu, wanaoamini kwamba bila karatasi hiyo daktari hana ruhusa ya kukugusa.

Na bima? Tanzania ilitunga Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote mwaka 2023. Kenya iliuaga mfuko wake wa zamani wa bima, NHIF, na kuingia mpya, SHA, Oktoba 2024. Mijadala yote miwili imeacha watu wengi wakiamini kwamba kila mtu akiwa na kadi, pengo limefungwa. Kadi ni jambo kubwa, nisieleweke vibaya. Inaondoa hofu ya bili, ambayo ndiyo sehemu kubwa ya kule kuchelewa kuamua. Lakini rudi Glasgow. Calton nao walitibiwa bure. Bima inalipia kilichoharibika. Haimwambii mwenye nyumba aweke dirisha.

Dirisha ndilo lililokuwa nyuma ya swali la jiko la yule daktari wa zamu. Nilimsikiliza akimweleza mama, taratibu, bila Kiingereza kingi. Pumu ina dawa za aina mbili, akasema. Ipo ya kufungua njia wakati kifua kimebana, na ipo ya kuzuia, ambayo mtoto anatumia kila siku hata akiwa mzima anacheza mpira. Wengi wanaijua ya kwanza tu, wanaiita inhela na kuishia hapo. Ya kuzuia inaonekana ni kupoteza pesa, maana huoni inachofanya. Ni kama kuzibua mtaro kiangazi.

Halafu akarudi kwenye jiko. Chumba kimoja, watu watano, jiko la mkaa linawashwa ndani kwa sababu nje ni uchochoro wa watu kupita, moshi hauna pa kutokea, ukuta wa nyuma una ukungu tangu mvua za vuli. Akaandika yote hayo kwenye faili. Mama akauliza kama ataandikiwa dawa ya ukungu. Daktari akacheka kidogo, si kwa dharau. "Mama, nikimrudisha palepale bila kujua kuna nini, wiki ijayo nitampokea tena. Ndiyo maana nauliza."

Ameandika. Anayesoma faili hilo baadaye ni nani, hilo sikumuuliza. Cook County kuna aliyeyasoma mafaili 467 na kuyahesabu. Pittsburgh kuna aliyeyapeleka wizarani. Faili la mtoto wa Tandale liko kwenye rafu fulani na namba yake, na sehemu ya kazi ya daktari wa aina hii, ile isiyoonyeshwa kwenye tamthilia, ni kurudi kwenye rafu hiyo akiwa nje ya zamu, kuyapanga mafaili kwa mitaa, na kugonga mlango wa ofisi ambayo haina hata kitanda kimoja cha mgonjwa.

Kesho yake jirani alilitoa jiko nje, akaliegesha kwenye baraza, pembeni ya mlango wa mpangaji mwingine. Yule mpangaji akalalamika moshi, wakasuluhishwa na mjumbe, wakakubaliana zamu. Inhela ya kuzuia aliinunua mara mbili. Mtoto alikaa zaidi ya miezi miwili bila kubanwa, akarudi shule, akaniomba mpira.

Masika yalipoanza, jiko lilirudi ndani.